Kezilahabi kwenye runinga: wahakiki wamehesabu vifo, hawakuuliza vimetoka wapi

Mtoro wa Mizani (mwanzisha uzi)

Wakuu, heshima kwenu.

Wiki iliyopita runinga moja ya hapa nyumbani ilimpa Euphrase Kezilahabi, mwandishi wetu wa riwaya na mashairi, karibu saa nzima. Naishukuru kwa hilo, maana vitabu vikitajwa kwenye runinga zetu huwa ni dakika chache baada ya habari za michezo. Walikaa wahakiki wawili, mwalimu wa chuo aliyestaafu na mwandishi kijana. Mtangazaji akafungua kwa swali: je, mwandishi huyu wa kukatisha tamaa anawafaa vijana wetu? Hawakutoka kwenye swali hilo hadi kipindi kikaisha. Mstaafu alihesabu vifo: Rosa wa Rosa Mistika anajiua, Kazimoto wa Kichwamaji anajiua, Tumaini wa Dunia Uwanja wa Fujo ananyongwa. Akauliza taifa litajengwa vipi kwa riwaya za namna hii. Kijana akamtetea kwamba Kezilahabi "anatahadharisha", kwamba Rosa anakufa ili mabinti wajifunze. Kwa hiyo aliyeshambulia na aliyetetea walikuwa kitu kimoja: wote wanaamini mwandishi ni mtoa nasaha, na kwamba atapimwa kwa nasaha zake.

Nimekereka, na nimekuja kueleza kwa nini.

Kezilahabi alizaliwa Namagondo, Ukerewe, tarehe 13 Aprili 1944, akafariki Dar es Salaam tarehe 9 Januari 2020. Riwaya zake nne za mwanzo zilitoka kati ya 1971 na 1979: Rosa Mistika, Kichwamaji, Dunia Uwanja wa Fujo na Gamba la Nyoka. Itazameni hiyo miaka. Azimio la Arusha ni la 1967. Kuhamishia watu vijijini kulishika kasi kuanzia 1973. Ni kipindi ambacho kila aliyeshika kalamu alitarajiwa kuonyesha kesho njema, na wengi walifanya hivyo kwa moyo safi kabisa, siwabezi. Yeye akaandika kile alichokiona kikitokea sebuleni, shambani na ofisini.

Chukueni Dunia Uwanja wa Fujo, ambayo mstaafu aliipitia kwa sentensi moja. Siku ya Krismasi mwaka 1971, huko Isimani, mkulima Saidi Mwamwindi alimpiga risasi Mkuu wa Mkoa wa Iringa, Dk. Wilbert Klerruu, katika mgogoro wa mashamba na ujamaa. Mwamwindi alinyongwa. Mwaka 1975 inatoka riwaya ambamo Tumaini, kijana aliyetapanya urithi wake kwa anasa kisha akajirudi na kuwa mkulima wa maana, anaambiwa ardhi yake inachukuliwa, naye anaua na kunyongwa. Msomaji wa 1975 hakuhitaji kufafanuliwa. Lakini angalieni alichofanya mwandishi. Hakumfanya Tumaini shujaa, wala hakumfanya mnyonyaji wa katuni. Alimfuatilia tangu utotoni, akatuonyesha upumbavu wake wote, akatufanya tumzoee, ndipo akamfikisha mahali ambapo haki ya mtu mmoja na haki ya wengi zimegongana na hakuna aliyekuwa tayari kuongea. Hilo ni jambo la kujadiliwa saa nzima. Kwenye runinga liliitwa "mwisho mbaya".

Kichwamaji nayo wamesema ni falsafa ya Wafaransa iliyovalishwa kanzu. Ni kweli Kezilahabi alisoma falsafa za kina Camus na Sartre, na harufu yake imo. Ila Kazimoto hateseki kwa sababu amesoma Wafaransa. Anateseka kwa sababu amesoma, basi. Amefika chuo kikuu, anarudi Ukerewe, na baba yake mzazi hana la kuzungumza naye, wala yeye hana. Msomi mwenzake, Manase, ana ofisi na cheo, na elimu hiyo hiyo ndiyo aliyoitumia kuharibu nyumba ya kina Kazimoto. Kisha anazaliwa mtoto mwenye kichwa kikubwa kupita kiasi. Uchungu wa kitabu kile una anwani. Ukitaka unaweza kwenda kugonga mlango.

Hoja yangu ni hiyo. Giza la Kezilahabi lina sababu, na kila sababu ameitaja: baba anayelea kwa fimbo, afisa anayetumia cheo kupata wasichana, elimu inayomtenga mtu na kwao, maendeleo yanayokuja na bunduki. Mhakiki anayemwita mkata tamaa bila kuzigusa sababu hizo amemhukumu bila kusikiliza shauri. Karibuni.

---

Mwalimu wa Zamu

Mkuu, umeandika vizuri, lakini umeandika kama mtu ambaye hajawahi kusimama mbele ya darasa.

Nimefundisha Kiswahili sekondari kwa miaka mingi. Mtihani unauliza ujumbe, unauliza falsafa ya mwandishi, unauliza msimamo wa mwandishi. Mtoto akiandika kwamba mwandishi hana ujumbe bali ana swali, anakosa alama. Wale wawili wa kwenye runinga wamepita kwenye madarasa hayo hayo, na mtangazaji pia, ndiyo maana wote waliongea lugha ya fani na maudhui. Usiwalaumu wao peke yao.

Pili, swali la vijana si la kijinga. Rosa Mistika ilipotoka ilizuiwa shuleni kwa muda, na baadaye ikaja kuwa kitabu cha kawaida cha sekondari, kwetu na Kenya. Walioizuia hawakuwa wapumbavu. Kitabu kinaonyesha msichana akitumiwa na wanaume wenye mamlaka, kinataja utoaji mimba, kisha anajiua. Mimi ninaye mwanafunzi ambaye haya yote yamemgusa nyumbani kwake. Nikifungua ukurasa ule, sijui anapokea nini. Nalazimika kujiuliza kama kitabu kinamfaa, na nitaendelea kujiuliza.

---

Bint Ukara

Shikamoo Mwalimu. Naungana nawe kidogo, kisha nitawapinga wote wawili.

Mimi nilikisoma Rosa Mistika nikiwa kidato cha pili, kwa siri, nakala haina jalada. Nilikipenda sana sehemu ya kwanza. Rosa anapigwa na baba yake, Zakaria, kwa sababu ya barua kutoka kwa mvulana. Barua tu. Kuanzia siku ile anaogopa wanaume kiasi kwamba hajui hata kuwatazama, na anapofika shuleni Mwanza, mbali na fimbo ya baba, hana ulinzi wowote ndani yake. Sijasoma kwingine katika Kiswahili maelezo ya kweli kama yale ya jinsi ukali wa mzazi unavyomvua mtoto silaha badala ya kumpa. Hapo nampa Kezilahabi heshima zote.

Ila mtoa mada umesema giza lake lina sababu na kila sababu ameitaja. Sikubali kwa Rosa. Baada ya Deogratias, mwenye cheo aliyemtumia, baada ya chuo cha ualimu cha Morogoro, kitabu kinaanza kumwangalia Rosa kwa jicho la mtaa. Kinahesabu wanaume zake. Kinamkausha. Halafu anarudi, anataka maisha mapya, Charles anamkuta si bikira anamwacha, naye anajiua. Mwandishi aliyejua kumchambua Zakaria kwa undani namna ile, mbona hakumchambua Charles? Kwa nini adhabu iishie kwenye mwili wa msichana? Hilo silo giza la jamii peke yake. Ni uamuzi wa mwandishi, na mhakiki ana haki ya kumuuliza.

---

Mtoro wa Mizani

Dada, hoja nzito. Naomba niitafakari kabla sijakujibu, sitaki kukurupuka.

Mwalimu, kwa heshima: kujiuliza kama kitabu kinamfaa mwanafunzi wako ni kazi yako, na ni kazi ya heshima. Ila runinga si darasa. Saa nne usiku mbele ya watu wazima, swali lile linawafanya watazamaji wote kuwa kidato cha pili. Na kumbukeni jambo moja. Mwaka 1971 Rosa Mistika ilipotoka, Bara hatukuwa na televisheni kabisa. Zanzibar walitutangulia miaka hiyo ya sabini, sisi tukasubiri hadi 1994 ITV ilipoanza kurusha. Kufikia hapo Kezilahabi alikuwa amekwishatoa hata riwaya ya Mzingile, miaka mitatu nyuma. Mabishano yote makali juu yake yalifanyika madarasani, kwenye makongamano, magazetini na redioni. Runinga imemkuta akiwa tayari na jina la "mkata tamaa", ikalichukua kama lilivyo. Ndiyo maana nasema ilikuwa nafasi ya kuanza upya, ikapotea.

---

Mlamu Asilia

Ndugu zangu, hebu nami niseme la kwetu Pwani.

Yule kijana wa kwenye runinga alisema, nilimsikia kwa masikio yangu, kuwa kabla ya Kezilahabi fasihi ya Kiswahili ilikuwa ya matumaini na nasaha. Ametoa wapi? Al-Inkishafi ya Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir imekuwapo tangu zama za babu za babu zetu. Mle mna majumba ya Pate yaliyokuwa na taa na mito ya hariri, leo ndani wamo popo na buibui. Matajiri waliojiona hawatakufa wamefukiwa mchangani wanaliwa na wadudu. Shairi zima mtu anaukaripia moyo wake mwenyewe kwa kuipenda dunia. Kama hilo silo giza, basi sijui giza ni lipi. Na limetungwa kwa vina na mizani, tungo baada ya tungo, bila kuteleza.

Kwa hiyo tusimpe Kezilahabi sifa ya kuleta huzuni kwenye Kiswahili. Huzuni tulikuwa nayo, tena yenye adabu ya utungo. Alicholeta yeye mwaka 1974 kwa Kichomi, diwani yake ya mashairi, ni kuvunja vina, na hilo ndilo lililowagawa watu zaidi ya kifo chochote cha riwaya. Sheikh Kaluta Amri Abedi alikuwa amekwishaweka sheria za kutunga kitabuni tangu 1954, watu wakazishika. Akaja mtu wa Bara akasema shairi linaweza kuandikwa kwa maneno ya mazungumzo ya kila siku. Wazee waliona amechukua jina la ushairi akalivisha insha. Mimi bado nasimama na wazee katika hili, na sioni haya kusema. Abdilatif Abdalla alikuwa gerezani, akatunga Sauti ya Dhiki kwa vina vilivyotimia. Dhiki yake haikupungua hata chembe kwa kufungwa na mizani.

---

Nyanza ya Kale

Mlamu, umenifurahisha na Al-Inkishafi, lakini kuna tofauti moja ambayo umeiruka, na kwangu ndiyo kiini.

Sayyid Abdallah ana akhera. Anaionyesha dunia ikioza ili moyo ugeuke kwa Mola. Popo na buibui wana kazi ya kufanya pale. Kezilahabi, kijana aliyelelewa katika Ukatoliki wa Ukerewe, anaonyesha kuoza kule kule, halafu huoni mlango wa nyuma. Kazimoto anapouliza maisha yana maana gani, hakuna sauti inayomjibu. Nadhani hilo ndilo lililowaogopesha walimu, mapadri na wanachama kwa pamoja. Mapadri walikuwa na mbingu, chama kilikuwa na kijiji cha ujamaa, na riwaya haikupita kwa mmoja wala kwa mwingine.

Na vina, ndugu yangu Mlamu: mtu asiyesadiki kwamba dunia ina mpangilio, atatungaje beti ambazo kila mshororo unarudi nyumbani kwa kina kile kile? Kichomi hakikuvunja vina kwa uvivu. Mshairi aliona mpangilio ule ungesema uongo kwa niaba yake.

Mimi ni wa visiwa vile vile. Mnapomsoma mkiwa Dar mnaona "mazingira". Sisi tunaona njia za miguu tunazozijua, mihogo, watu wanaorudi kutoka ziwani alfajiri. Kiswahili chake ni cha watu waliojifunza shuleni wakiwa tayari wana Kikerewe nyumbani: kifupi, kikavu, kisichopamba. Wakosoaji wa Pwani walikiita kigumu. Kwangu ndicho Kiswahili cha kwanza kitabuni kilichofanana na namna tulivyozungumza kwetu.

---

Mlamu Asilia

Nyanza, hilo la kina kurudi nyumbani umenisema sawasawa, sitalijibu haraka. Lakini Sauti ya Dhiki bado iko pale. Abdilatif naye aliona dunia imevurugika, na kina kilirudi.

---

Kifaurongo

Wakuu, niko Ujerumani, na uzi huu umenigusa kwa sababu ya neno "runinga".

Hapa palikuwa na kipindi cha runinga ya ZDF kilichoitwa Das Literarische Quartett, kilianza 1988 na kikaendelea hadi 2001. Watu wanne wameketi, hawana filamu ya kuonyesha wala muziki, vitabu tu, kwa saa moja na robo. Kiongozi wao alikuwa Marcel Reich-Ranicki, mtu aliyeponea geto la Warsaw, mkali kupita kiasi. Alikuwa akikipenda kitabu anapaza sauti, akikichukia anapaza zaidi. Kando yake Sigrid Löffler na Hellmuth Karasek, na mgeni wa nne. Walikuwa wakipingana waziwazi. Mwaka 2000 walizozana juu ya riwaya moja ya Murakami, mwandishi wa Japani, Löffler akaona haina thamani ya kifasihi, Reich-Ranicki akamrudi kwa maneno ya kumgusa yeye binafsi, na Löffler akaondoka kwenye kipindi. Siwaletei hili kama mfano wa adabu. Alichofanyiwa yule mama hadharani kilikuwa kibaya.

Nalileta kwa sababu ya swali walilokuwa wakianzia: kitabu hiki ni kizuri? Kimeandikwaje? Kinachosha? Kinadanganya? Mwandishi mwenye giza hakuwahi kuhukumiwa kwa giza lake, alihukumiwa kwa kuandika vibaya au vizuri. Na watazamaji wa kawaida, watu wa maduka na ofisi, walikuwa wanakwenda kununua kitabu kesho yake, hata kile kilichotukanwa.

Sasa fikirieni Kezilahabi akijadiliwa hivyo. Mmoja aseme Kichwamaji ina sura ambazo Kazimoto anahubiri badala ya kuishi, na mimi ningekubali. Mwingine aseme mazungumzo yake ndiyo bora kuliko ya mwandishi yeyote wa kizazi chake. Mwingine asome aya moja kwa sauti. Kwenye kipindi mlichokitaja, kuna aliyesoma hata mstari mmoja?

---

Mtoro wa Mizani

Hakuna. Hata mstari mmoja haukusomwa. Kifaurongo, umegusa penyewe. Saa nzima juu ya mwandishi na hatukusikia sauti yake.

---

Karatasi ya Mwisho

Naona wote mnamsifia au kumlaumu Kezilahabi wa miaka ya sabini. Nani atazungumzia Nagona na Mzingile, riwaya zake mbili za baadaye?

Mimi tatizo langu naye si vifo. Tatizo langu ni kwamba alituacha. Rosa Mistika mama yangu aliisoma, na mama yangu aliishia darasa la saba. Alilia. Nilipompa Nagona alirudisha siku ya pili akasema hajui ni nani anayeongea wala yuko wapi. Msafiri anakwenda mahali pasipo jina, anawakuta kina Plato na Nietzsche wamekaa kimya wanasoma, anatafuta kitu kinachoitwa Nagona ambacho huwezi kukishika. Wahakiki wa vyuo wanasema ni kilele chake. Kilele cha nani? Alikwenda Wisconsin, akapata udaktari wake 1985, akarudi akiandikia wenye udaktari. Mwandishi aliyesema shairi liandikwe kwa lugha ya watu wa kila siku, mwishowe akaandika riwaya ambazo watu wa kila siku hawawezi kuzifungua. Hilo ndilo ningependa wabishane juu yake runingani.

---

Kifaurongo

Karatasi, nakuelewa, na sitamwambia mama yako kwamba hakusoma sawasawa. Lakini sikubali kwamba alituacha.

Fikiria alipokuwa amefika. Gamba la Nyoka ya 1979 ndiyo ya mwisho katika mtindo ule, vijiji vinahamishwa kwa nguvu, wasomi wawili, Mambosasa na Mamboleo, kila mmoja anachagua njia yake. Baada ya hapo ni zaidi ya miaka kumi bila riwaya mpya. Tasnifu yake ya Wisconsin inahusu falsafa ya Kiafrika na tatizo la kufasiri fasihi, yaani aliuliza ni kwa macho ya nani tunasoma vitabu vyetu. Wale wanafalsafa waliokaa kimya ndani ya Nagona, mimi nawaona kama jibu. Wamenyamaza. Vitabu vyao vimesomwa, na msafiri lazima aendelee mbele kutafuta pengine. Na Nagona haiishii kaburini, inaelekea kwenye dansi. Mzingile inapitia maangamizi makubwa na bado inatafuta pa kuanzia tena. Mtu anayesema Kezilahabi ni mwandishi wa kukata tamaa tu ameacha kumsoma mwaka 1979.

Na tazama waliomfuata: Said Ahmed Mohamed na Babu Alipofufuka, Wamitila na Bina-Adamu!, wote miaka ya 2000 mwanzoni. Mlango ule aliufungua yeye. Huku Bayreuth, kwenye kongamano la Kiswahili la kila mwaka, riwaya hizo zimezungumziwa sana.

---

Karatasi ya Mwisho

Umenijibu kwa Bayreuth, na ndicho nilichokuwa nasema. Zinazungumziwa Bayreuth. Buguruni je?

---

Nyanza ya Kale

Karatasi, swali lako ni la haki, ila naona lawama inapaswa kugawanywa. Nagona ni kitabu chembamba, kinasomeka jioni mbili. Kilichokosekana ni watu wa kukaa na mama yako wakisoma naye. Al-Inkishafi nayo ni ngumu, na huko Lamu imeishi kwa sababu kulikuwa na watu wa kuighani na wa kuifafanua. Hiyo ndiyo kazi ambayo runinga ingeweza kuifanya kwa urahisi kuliko kitabu cha uhakiki: mtu anasoma kwa sauti, mwingine anasema "mimi hapa nimepotea", wa tatu anaeleza anavyopaelewa. Na tusisahau Kaptula la Marx, tamthilia iliyokaa miaka mingi bila kuchapishwa hadi 1999. Ile kwenye runinga ingeigizwa na mama yako angecheka kabla hata ya kujua nani ni Marx.

---

Mwalimu wa Zamu

Nimewafuata wote. Nitasema nilichoamua, na kama kuna mwalimu mwingine humu aniambie kama amewahi kufanya hivyo.

Muhula ujao sitawauliza wanafunzi wangu msimamo wa mwandishi kwanza. Nitawasomea sura ya barua na kipigo kwa sauti, halafu niwaulize nani alikuwa na nafasi ya kuzuia yatakayofuata, na aliifanyia nini nafasi hiyo. Mtihani bado nitawaandaa, siwezi kuwatupa. Lakini nimeona kwamba lile swali la "anafaa?" nilikuwa nalijibu kabla watoto hawajafungua kitabu. Na yule mwanafunzi niliyemtaja, nitazungumza naye faragha kabla ya somo, si baada.

---

Mtoro wa Mizani

Mwalimu, nakushukuru kwa dhati. Huo ndio uhakiki.

Dada Bint Ukara, nimekaa na hoja yako. Nimekwenda kukisoma tena kitabu kuanzia Rosa anaporudi. Jaribio langu la kumtetea Kezilahabi lilikuwa hili: Charles hachambuliwi kwa sababu jamii ile haimchambui, mwanamume anayemwacha mwanamke kwa ubikira anaonekana amefanya jambo la kawaida, na ukimya wa kitabu unatuonyesha ukimya wa watu. Bado nadhani kuna ukweli hapo. Lakini nikilinganisha na Tumaini, naona tofauti unayoisema. Tumaini naye anaharibikiwa na anasa, naye ana wanawake wengi, na mwandishi hamkaushi. Anampa miaka, anampa shamba, anampa nafasi ya kubadilika, na anapokufa anakufa kwa tendo lake mwenyewe, kubwa na la kutisha. Rosa hakupewa shamba. Kwa hiyo nasema hivi: sababu za giza amezitaja, ila hakuzigawa kwa haki kati ya wanaume na wanawake wake. Kwangu hilo ndilo shtaka zito kuliko yote yaliyotolewa runingani, na halikutolewa pale.

---

Bint Ukara

Asante kaka. "Rosa hakupewa shamba" umesema kitu ambacho nimekuwa nikikitafuta.

Niongeze moja. Watu humu mnasema kifo cha Rosa kama vile hakukwepeka, na hapo ndipo nagombana na mstaafu na kijana wote wawili. Rosa alikuwa amesomea ualimu. Alikuwa na mshahara wake, na wadogo zake wanaomtegemea na kumtazama. Katika Ukerewe ya wakati ule, msichana mwenye mshahara wake ni mtu mkubwa, mimi najua kwa mama zangu wadogo waliokuwa walimu. Baadhi yao waliachwa na kina Charles wao. Wakalia, wakaenda kazini Jumatatu, wakalea watoto, wakajenga nyumba za bati. Hao walikuwepo Kezilahabi alipokuwa akiandika. Aliwaona, hawezi kuwa hakuwaona. Simdai matumaini, simdai nasaha. Namdai hao, kwa sababu nao walikuwa kweli kama Rosa alivyokuwa kweli, na kwa mwandishi aliyejisifu kwa kuona, kutowaweka ni kutoona.

Nampenda bado. Shairi lake la Upepo wa Wakati nalijua kwa moyo, Mlamu anisamehe. Ila mtangazaji akiwaita tena wale wawili, aongeze kiti cha mwanamke, na swali la kwanza limhusu Charles: aliondoka, akaoa nani, na kwa nini hakuna mhakiki aliyewahi kumtaja kwenye hesabu ya vifo.